Kiinua mgongo cha askari na kifo cha Jamhuri ya Roma

Mwanzoni mwa Desemba mwaka 50 KK, Seneti ya Roma, baraza la wakuu wa mji, ilipiga kura ambayo kila nikiirudia inaniuma. Hoja ilitoka kwa Curio, tribuni wa umma: Julius Caesar, aliyekuwa na majeshi Galia, na Pompey, aliyekuwa na majeshi Hispania, waachie majeshi yao wote wawili kwa pamoja. Maseneta 370 waliunga mkono. Waliokataa walikuwa 22. Marcellus, mmoja wa makonsuli wawili walioongoza nchi na adui wa Caesar, akavunja kikao kwa hasira, kisha bila idhini ya baraza akamwendea Pompey na kumkabidhi ulinzi wa nchi. Wiki chache baadaye, Januari 49 KK, Caesar alivuka mto Rubicon, mpaka wa jimbo lake, na legioni moja, yaani kikosi cha askari elfu kadhaa, na Warumi wakaanza kuuana wao kwa wao.

Kwa sababu ya kura hiyo siwezi kukubali upesi maelezo tuliyoyazoea, kwamba jamhuri ilikuwa maiti tayari na Caesar na mrithi wake Augustus, mfalme wa kwanza wa Roma, waliizika tu. Maiti haipigi kura 370 kwa 22 ya kutaka amani. Hata hivyo, wenye maelezo hayo wana ushahidi mzito, na ni haki kuupima kwanza.

Warumi walisimulia kwamba waliwafukuza wafalme mwaka 509 KK. Tangu hapo walipanga madaraka yasitulie mikononi mwa mtu mmoja. Makonsuli walikuwa wawili, wakakaa mwaka mmoja tu, na kila mmoja aliweza kumzuia mwenzake. Matribuni kumi waliwatetea raia wa kawaida, na mmoja wao akisema "nakataza", jambo lilisimama. Utaratibu huu uliutosha mji na mashamba yanayouzunguka. Kufikia 146 KK, mwaka ambao Carthage na Korintho ziliteketezwa, mji huo ulikuwa umejikuta bwana wa bahari nzima ya Mediterania. Mkulima aliitwa vitani Hispania kwa miaka, akarudi akakuta shamba limeingia mikononi mwa tajiri na linalimwa na watumwa waliotekwa katika vita alivyopigana yeye mwenyewe.

Tiberius Gracchus, tribuni wa mwaka 133 KK, alitaka sheria ya zamani ifuatwe: mtu mmoja asishike zaidi ya jugera 500 za ardhi ya umma, kama hekta 125 hivi, na kinachozidi wagawiwe maskini. Naye hakuwa malaika. Tribuni mwenzake alipomzuia, alimvua madaraka kwa kura ya wananchi, jambo lisilowahi kufanyika. Lakini jibu la maseneta lilikuwa kumuua kwa marungu na vipande vya mabenchi, yeye na wafuasi wake takriban 300, na maiti zao zikatupwa mtoni Tiber. Mdogo wake Gaius alimfuata kaburini mwaka 121 KK. Wa kwanza kuonyesha kwamba ubishi wa siasa unaweza kumalizwa kwa damu walikuwa watu waliojiita walinzi wa jamhuri.

Mwaka 107 KK konsuli Marius akafungua jeshi kwa watu wasio na mali yoyote. Mtu wa namna hiyo akimaliza utumishi hana shamba la kurudia. Nchi haikuwa na kiinua mgongo cha kumpa. Chochote atakachopata kitatoka kwa jenerali wake: fungu la nyara, au kipande cha ardhi ikiwa jenerali atafaulu kuwalazimisha wanasiasa wa mjini. Mwaka 88 KK jenerali Sulla alipoamua kuuvamia mji wa Roma wenyewe, maofisa wake walimkimbia, akabaki na mmoja. Askari wa kawaida hawakukimbia, maana vita vya Mashariki vilivyokuwa na ngawira nono vilitaka kupewa Marius, naye angekwenda na vijana wengine.

Hapa ndipo naona kiini cha jambo, na kinaonekana wazi zaidi katika tukio ambalo wengi hulipita haraka. Mwishoni mwa mwaka 62 KK Pompey alirudi kutoka Mashariki, akatia nanga Brundisium, kusini mwa Italia. Alikuwa na jeshi la kutosha kufanya kama Sulla, na mjini watu walitetemeka. Pompey akalivunja jeshi. Akawaambia askari waende makwao, akaja Roma kama raia, akaomba mambo mawili: mikataba yake ya Mashariki ithibitishwe, na askari wake wapewe ardhi. Seneti, ikiongozwa na maseneta kama Cato na Lucullus, ikamzungusha hadi mwaka 60 KK ukapita. Mtu aliyetii sheria alifedheheshwa kwa kutii. Akaungana na Caesar na tajiri Crassus, na mwaka 59 KK Caesar akiwa konsuli askari wale wakapata ardhi yao kwa vurugu za mitaani. Kila mwanajeshi wa Italia alijifunza somo lile, na Caesar, aliyekuwa karibu kuondoka kwenda Galia, alilijua kuliko wote.

Wanaotetea upande wa pili husema makosa ya watu yasifanywe ugonjwa wa mfumo. Sulla mwenyewe, pamoja na ukatili wake, aliuachia udikteta aliokuwa ameutwaa, na chaguzi zikaendelea. Mwaka 70 KK Cicero, msemaji na mwanasiasa mashuhuri, alimfikisha mahakamani Verres, gavana aliyeipora Sicily kwa miaka mitatu, na Verres akakimbilia uhamishoni Marseille kabla kesi haijaisha. Hata katika miaka ya 50 KK, pamoja na hongo na magenge ya mitaani, raia walipanga foleni wakachagua viongozi, na matokeo hayakujulikana kabla. Wangapi duniani wakati ule waliweza kusema hivyo? Kwa mtazamo huu, wachache wenye kiburi, wale 22 na Caesar aliyeweka heshima yake mbele ya amani ya nchi, waliivunja nyumba ambayo bado ilikuwa na paa.

Ninauheshimu mtazamo huo, lakini una upofu wake. Nyumba hiyo ilikuwa ya nani? Kwa mtu wa Sicily au wa Asia Ndogo, jamhuri ilimaanisha gavana mpya kila mwaka au miwili, mwenye madeni ya kampeni ya kulipa, na makampuni ya watoza kodi yaliyonunua kwa mnada haki ya kumkamua. Verres alishtakiwa, wengi wa aina yake walizeeka kwa raha.

Hukumu yangu ni kwamba jamhuri ilikuwa inatibika, na dawa ilijulikana. Dola ingemlipa askari wake kutoka hazina ya umma, asingehitaji kumtegemea jenerali. Waliokataa ni wale wale waliokuwa na ardhi, na waliokataa kwa sauti kubwa zaidi walikuwa wanajiona ndio wenye uchungu na uhuru. Cato aliipenda jamhuri kiasi cha kujiua Utica, Afrika Kaskazini, mwaka 46 KK alipoona imeshindwa. Sina shaka na mapenzi yake. Lakini kwa ardhi ya askari wa Pompey, kura yake iliiumiza kuliko upanga wake ulivyoweza kuilinda.

Caesar alivishinda vita vile akawa dikteta, na mauaji yake, 15 Machi 44 KK, hayakubadili chochote katika hilo. Ndani ya miezi ishirini, Octavian, mjukuu wa dada yake na mrithi wake, alikuwa konsuli akiwa na umri wa miaka 19 kwa shinikizo la majeshi, kisha pamoja na Antony na Lepidus, waliokuwa wasaidizi wa Caesar, akabandika orodha za watu wa kuuawa na kunyang'anywa mali. Cicero aliuawa 7 Desemba 43 KK. Kichwa chake na mkono wake wa kuume vilitundikwa kwenye jukwaa alilozoea kuhutubia. Anayemsifu Augustus kwa kuleta amani lazima aupitie ukurasa huo kwanza, kwa sababu Augustus ni Octavian yule yule, amebadili jina tu mwaka 27 KK.

Na amani aliileta kweli. Baada ya kumshinda Antony katika vita vya baharini vya Actium, Ugiriki, mwaka 31 KK, legioni takriban 60 zilipunguzwa zikawa 28. Mikoa ikapumua, uporaji haukuisha, ila gavana sasa alikuwa na mtu juu yake. Misri ilipotwaliwa mwaka 30 KK, biashara ya Bahari ya Shamu ilipanuka, na katika karne iliyofuata baharia mmoja wa Misri aliandika kwa Kigiriki mwongozo wa njia unaofika hadi pwani yetu, aliyoiita Azania, na soko la Rhapta lililouza pembe za ndovu.

Ila linalonigusa zaidi ni la mwaka 6 BK. Augustus alianzisha hazina ya kijeshi, akaweka humo sesta (sarafu ya Kirumi) milioni 170 za kwake, na kuilisha kwa kodi ya mirathi ya asilimia 5 na kodi ya minada ya asilimia 1. Askari wa legioni akistaafu alipata sesta 12,000. Matajiri walinung'unika sana juu ya kodi ile, lakini safari hii hawakuwa na kura ya kuikataa. Kilichokosekana miaka sitini na kitu kabla yake, Pompey alipowaombea askari wake, kikawa kimepatikana, na mlipaji akawa mtu mmoja.

Majina ya zamani yalibaki. Makonsuli walichaguliwa, Seneti ilikaa, na Augustus alisema hakuwazidi wenzake kwa mamlaka, aliwazidi kwa heshima tu. Lakini majimbo yenye sehemu kubwa ya majeshi yalikuwa yake, na tangu 23 KK alikuwa na nguvu za tribuni bila kuwa tribuni. Alipokufa mwaka 14 BK, wengi wa waliokuwa hai hawakuwahi kuiona jamhuri, na uchaguzi ukahamishwa kutoka kwa wananchi kwenda kwa maseneta.

Nafasi ya kurudi nyuma ilijitokeza mara moja tu, Januari 41 BK, mfalme Caligula alipouawa. Maseneta walikutana kwenye kilima cha Capitol wakajadili kuurudisha uhuru, na usiku ule makonsuli waliwapa askari neno la siri la zamu: "Uhuru". Wakati huohuo walinzi wa kasri walikuwa wamemchukua Claudius, ami yake Caligula, hadi kambini kwao. Aliwaahidi sesta 15,000 kila mmoja, wakati askari wa legioni alilipwa 900 kwa mwaka. Asubuhi, hata vile vikosi vichache vilivyopewa neno la siri na makonsuli viliondoka, vikaenda kambini kwa Claudius.