Nyonya hakuwa pambo la nyumba

Mwandishi wa makala niliyoisoma anasema nyonya wa koo tajiri, yaani wanawake wa Peranakan (wazawa wa Wachina waliolowea zamani na kuoa wenyeji) huko Penang na Malacca, katika Malaysia ya leo, na Singapore, walikuwa mapambo katika nyumba za waume zao. Hapo sikubaliani naye. Nyumba nyingi hazikuwa za waume hata kidogo! Kwa desturi ya chin choay, bwana harusi ndiye aliyehamia ukweni, na binti akabaki kwa mama yake. Bibi mzee wa ukoo ndiye aliyekuwa na kauli: jikoni, kwenye sadaka za wahenga, hata katika kuchagua wakwe.

Ni kweli mabinti walitawishwa wakishavunja ungo, na liliwagharimu sana. Lakini hadhi yao haikuwa kwenye vito tu. Husimuliwa kwamba washenga walitega sikio binti akitwanga viungo, wakapima malezi yake kwa mlio wa kinu. Viatu vya shanga alivyodarizi vilionyesha subira yake.

Kinachoniuma zaidi ni wasichana waliouzwa wangali wadogo wakawa watumishi humo ndani. Makala haiwataji kabisa, na jasho lao ndilo lililompa nyonya nafasi ya kudarizi.