Erol Josué na ngoma iliyopanda jukwaani

Ipo lawama dhidi ya msanii wa Haiti Erol Josué ambayo siwezi kuipuuza. Mtu ni houngan, yaani kuhani wa Vodou, dini ya jadi ya Haiti, aliyetawazwa akiwa kijana wa miaka 17. Halafu nyimbo za lwa, roho anazozihudumia, anaziimba na kuzicheza mbele ya watu waliokata tiketi, vyombo vya umeme vikivuma nyuma yake. Kitakatifu kinauzwa mlangoni?

Hoja ina uzito. Katika ibada, lwa aitwaye Legba husalimiwa kwanza, maana lango ni lake. Asipofungua, wengine hawapiti. Wimbo huitikiwa hata kukuche. Jukwaani una dakika zake, na anayeukatisha ni fundi wa taa.

Lakini wanaolaumu wanausahau moto. Miaka ya 1941 na 1942 Kanisa Katoliki, likiungwa mkono na serikali ya Rais Élie Lescot, liliendesha kampeni dhidi ya kile lilichokiita ushirikina. Ngoma zilikusanywa zikachomwa, na waumini wakaapishwa kuikana dini ya wazazi wao. Ngoma ikitiwa moto, ngozi ndiyo hutangulia: hujikunja, ikapasuka, halafu ndipo gogo linashika. Gogo jingine utachonga. Ila mpigaji aliyeogopa kumrithisha mwanawe mapigo, huyo utamchonga wapi? Ni katika moshi huo, 1941, mwandishi Jacques Roumain alipoanzisha Ofisi ya Taifa ya Ethnolojia, yaani elimu ya mila na desturi za watu, ili kilichobaki kisipotee. Sheria ya 1935 iliyoharamisha ibada hizo ilikuja kufutwa na katiba ya 1987, na serikali ikaitambua Vodou rasmi kuwa dini mwaka 2003.

Mwaka 2012 ofisi hiyohiyo akakabidhiwa Josué, aliyekwisha kuishi Paris na New York. Houngan akashika funguo za ghala! Wapo watakaosema kuhani asilishwe na serikali. Sawa, ila Roumain angetabasamu.

Na hofu haikuisha na sheria. Kipindupindu kilipoingia mwishoni mwa 2010, makundi ya watu yaliwaua zaidi ya watu 40, wengi wao makuhani wa Vodou, kwa tuhuma kwamba ndio wanaoueneza ugonjwa. Dini iliyosukumwa gizani ni rahisi kusingiziwa lolote.

Kwetu neno ngoma ni chombo, ni mchezo, na ni shughuli ya pepo pia, kwa hiyo sioni kwa nini tushtuke vitatu hivyo vikikutana Haiti. Tena albamu yake ya 2007 aliiita Régléman, jina la utaratibu wenyewe wa ibada: nani aitwe kwanza, nani afuate. Anayetaka kuuza miungu kwa reja reja haanzi na kanuni. Pelerinaj, yaani hija, ilifuata 2021.

Anibakie fundi wa taa tu. Huyo, kweli, auache wimbo uishe wenyewe.