Rubani wa Miezi Michache: Hiari ya Vijana na Haraka ya Vita

Neno rubani lilikuwa la baharini kabla halijawa la angani. Hapa Lamu wapo wazee wanaolitumia bado kwa maana yake ya zamani, yaani mtu anayekiongoza chombo penye miamba na mafungu ya mchanga, na wiki iliyopita nilimwona mmoja wao akimfundisha mjukuu wake kushika usukani wa mashua inayovusha abiria kutoka uwanja wa ndege wa Manda. Kijana aligeuka kuzungumza na abiria, mzee akamgusa bega, akamwambia kwa sauti ya chini, "Tazama mai, mwanangu," yaani maji. Kijana huyo ana miaka 18 na yumo chomboni tangu alipokuwa na 12, na babu yake hajamruhusu kupita mkondo wa Mkanda peke yake maji yanapokupwa.

Jioni ile, barazani mtaani Mkomani, tulibishana kuhusu vijana wa umri wake waliojitolea kurusha ndege za kivita katika Vita Vikuu vya Pili vya Dunia. Wengine walisema kwamba nchi inayoshambuliwa haina nafasi ya kufundisha watu kwa miaka mingi, na kwamba aliyejitolea amekubali hatari kwa ridhaa yake. Wengine walisema kwamba kumpeleka kijana vitani kabla hajaiva ni kumtoa kafara, hata kama mwenyewe ameomba.

Hoja ya kwanza ina nguvu kuliko tunavyopenda kukiri. Katika kiangazi cha 1940, Uingereza iliposhambuliwa na ndege za Ujerumani, upungufu uliolitesa jeshi lake la anga ulikuwa wa marubani kuliko wa ndege, kwa sababu viwanda viliweza kuunda ndege nyingine kwa haraka, ilhali rubani hakuundwa kwa siku chache. Mafunzo ya mwisho kabla ya kupelekwa vikosini yakapunguzwa hadi yapata wiki mbili. Kati ya wanaanga karibu 3,000 waliopigana miezi ile, 544 waliuawa. Anayesema kwamba wakubwa wao wangengoja anapaswa pia kueleza ni nani angeyazuia makombora yasiwaangukie watu wa London.

Nasi pwani hatuwezi kulisema hilo kama watu wa mbali. Tarehe 24 Oktoba 1940, ndege za Italia, iliyokuwa ikitawala Somalia, ziliushambulia mji wa Malindi. Mji wa wavuvi na wakulima ukapigwa kutoka juu, wala hapakuwa na kijana yeyote wa Malindi aliyefundishwa kupanda angani kuulinda. Wanaume wa Kiafrika wa nchi hii waliingizwa Keya, yaani jeshi la King's African Rifles, wakapigana hadi Uhabeshi na baadaye wakapelekwa Burma. Kabla ya vita, jeshi la anga la Uingereza liliwataka watu wa asili ya Kizungu tu. Sharti hilo lilisimamishwa Oktoba 1939, na Waafrika Magharibi wachache wakapata nafasi, akiwemo Peter Thomas wa Nigeria, aliyefuzu urubani na kufa katika ajali ya ndege mwaka 1945. Kwa hiyo tunaposifu hiari ya vijana wale, tukumbuke kwamba hata hiari yenyewe iligawiwa kwa rangi.

Lakini je, haraka ile ilikuwa ya lazima kila mahali? Hapa ndipo ninapoachana na upande wa kwanza. Roald Dahl, mwandishi wa baadaye, aliyekuwa akifanya kazi katika kampuni ya mafuta Dar es Salaam, alikwenda Nairobi mwishoni mwa 1939 kujiandikisha. Alianza kurusha ndege ya mafunzo ya Tiger Moth peke yake baada ya mafunzo ya saa 7 na dakika 40. Mwaka uliofuata akakabidhiwa ndege aina ya Gladiator, ambayo hakuwa amefundishwa kuirusha, aipeleke kikosini kwake, akaanguka nayo jangwani Afrika Kaskazini akaumia vibaya. Yeye alipona. Katika kundi lake la watu wapatao 16, ni watatu tu waliobaki hai hadi vita vilipokwisha mwaka 1945. Saa chache zaidi chini ya mwalimu zisingewaokoa wote, lakini siamini kwamba kumfundisha mtu ndege atakayoipanda ni anasa ambayo vita haiwezi kuigharimia.

Ushahidi ulio wazi zaidi ni wa mataifa yenyewe. Desemba 1939, Uingereza, Kanada, Australia na New Zealand zilikubaliana kuyapeleka mafunzo mbali na vita, na Kanada pekee ikawafuzisha wanaanga zaidi ya 131,000. Ujerumani ilifanya kinyume: petroli ilipopungua ilikata saa za mafunzo, na kufikia 1944 rubani wake mpya alikuwa na chini ya nusu ya saa za mwenzake wa upande wa pili, akauawa upesi, nafasi yake ikajazwa na aliyejua kidogo kuliko yeye.

Limebaki suala la ridhaa, ambalo ndilo linalonisumbua zaidi. Wanaanga wa ndege za kudondosha mabomu za Uingereza wote walikuwa wa kujitolea, wapatao 125,000, na 55,573 kati yao walikufa. Kijana alijitolea siku moja, akiwa hajui idadi hiyo, lakini hakuweza kuiondoa hiari yake siku aliyoielewa. Aliyesema kwamba hawezi tena kupanda aliweza kuandikwa katika faili lake kuwa amekosa uthabiti wa moyo na kuvuliwa beji ya mabawa. Waliweka kikomo cha safari 30 kabla ya mapumziko, na hilo lilikuwa jambo la utu. Ila wengi hawakuifikia safari ya 30. Mzee wa mashua ya Manda anaweza kumnyang'anya mjukuu wake usukani, na mjukuu naye anaweza kumrudishia kwa kusema kwamba leo maji yamemshinda, na hakuna atakayemwita mwoga.