Sifa Apewe Mpokezi

Nikiweka vipindi vya zamani vya Bud Abbott na Lou Costello, nyumbani wote humcheka Costello, yule mfupi mnene anayebabaika. Mimi macho yangu huwa kwa Abbott. Yeye ndiye fundi, na naona amedhulumiwa sifa zake.

Wamarekani hawa waliungana rasmi mwaka 1936, wakatoka majukwaani wakaingia redioni na kwenye sinema. Runinga ilipokuwa bado changa wakapata kipindi chao wenyewe, 1952 hadi 1954, sehemu 52. Mengi waliyoyapeleka huko ni yale yale waliyoyarudia jukwaani miaka na miaka mpaka yakalainika.

Chukua ule mchezo wao wa besiboli. Mchezaji wa kituo cha kwanza anaitwa Nani, wa pili Nini, wa tatu Sijui. Costello anauliza nani yuko kituo cha kwanza, Abbott anajibu ndiyo. Basi, vita vimeanza. Kwa Kiswahili mzaha huu unakaa vizuri ajabu, maana sisi wa Mombasa "nani" hatutoki mdomoni: yule nani kapita, mwambie nani alete maji. Nilipomsimulia shangazi yangu alikuwa juu ya mbuzi akikuna nazi. Alicheka mpaka kifuu kikamtoka mkononi.

Sasa mtazame Abbott. Hacheki. Anajibu kweli tupu, kwa utulivu wa karani, na kweli hiyo ndiyo inayomtia mwenzake wazimu. Costello alipenda kutoka nje ya maneno waliyoyapanga; Abbott ndiye aliyemrudisha njiani, na mtazamaji asitambue kuwa kuna aliyepotea. Kwenye kumbi walikotokea thamani hii ilijulikana: mpokezi, yule asiyecheka anayepokea maneno ili mwenzake achekeshe, alilipwa zaidi, na mwanzoni Abbott alichukua asilimia 60 ya malipo yao. Baadaye mizani ikaelemea kwa Costello. Kwangu mimi hesabu ya kwanza ndiyo ya haki.

Vijana wetu wanaorekodi vichekesho kwa simu wana vipaji, wallahi, lakini wakisimama wawili wote wanataka kuchekesha. Nawasihi, mmoja akubali kupokea.

Barazani kwetu Kibokoni, jioni kahawa ikija, kuna mzee anayetuvunja mbavu. Mwenzake kazi yake ni "Ehe?", "Halafu?", "Wewe!", uso mkavu kama ng'onda. Mwaka jana huyo mwenzake alikwenda Lamu harusini, akakaa wiki mbili. Mzee akatusimulia kisa kile kile cha punda na kanzu ya Idi, neno kwa neno. Tulicheka kwa heshima tu. Siku ya tatu hakusimulia kitu. Alishika kikombe mpaka kahawa ikapoa, kisha akamgeukia muuza kahawa: "Yule nani, atarudi lini?"

Hakuna aliyeuliza ni nani.