Fidia ya ajali si bei ya marehemu

Ukikaa kwenye matanga ya mtu aliyeuawa na gari, hukosi kusikia minong'ono siku ya tatu au ya nne: mjane ameonekana na wakili. Udongo wa kaburi haujakauka, watu husema, naye ameshaanza kumuuza mumewe. Wengi husema hivyo kwa moyo safi, kwa kuwa wanaamini uhai ni wa Mungu na hauwekewi bei. Wasichojua ni mahakama za Kenya hulipa nini hasa.

Uhai wenyewe una fungu lake la fidia, la kupotewa na matarajio ya maisha. Kwa miaka mingi mahakama zetu zimezoea kulitolea shilingi 100,000. Awe daktari, awe mchoma mahindi, ni hiyo hiyo laki moja. Lipo pia fungu la maumivu kabla ya kifo, na hapo aliyekata roho papo hapo mara nyingi huhesabiwa kama shilingi 10,000, kwa kuwa hakuteseka kwa muda mrefu. Jumlisha. Kwa hesabu ya roho peke yake, mjane huyo hapati hata pesa za kununua pikipiki mpya ya boda boda.

Kinachoifikisha hukumu kwenye mamilioni ni riziki iliyokatika. Chukua fundi wa miaka 35 aliyekuwa akipata 15,000 kwa mwezi. Hakimu akikadiria kwamba angefanya kazi miaka 20 zaidi, huzidisha mapato hayo kwa miezi 12, kisha kwa miaka 20, halafu huchukua theluthi mbili, kwani theluthi moja fundi angejitumilia mwenyewe. Inakuja milioni 2.4. Zikitajwa kwa mkupuo, kijiji kizima kinashika mdomo. Lakini zirudishe kwenye miezi yake 240 uone: ni 10,000 kila mwezi, za unga, kodi ya nyumba na karo, na bei ya unga haitasimama miaka 20 ikiwangoja watoto wale. Hicho ndicho mjane anachodai. Angekuwa anakipokea mkononi mwa mumewe, nani angemwita mroho?

Kampuni za bima nazo zina kilio, na si cha uongo. Sheria inazitaka zilipe hadi milioni 3 kwa kila mtu. Matatu ya abiria 14 ikitumbukia mtoni na wote wakafa, deni laweza kufika milioni 42, na ada ya mwaka ya gari hilo haikaribii huko hata kidogo. United, Blue Shield na Invesco, zilizokuwa zikikatia matatu bima, zilianguka madai yakiwa bado hayajalipwa, na bima ikianguka familia hubaki na karatasi ya hukumu. Wapo pia matapeli wanaojifanya abiria wa gari ambalo hawakulipanda. Ndiyo maana mwaka 2013 Bunge lilipitisha jedwali la viwango vya fidia, yaani orodha ya malipo yaliyopangwa kabla, na mwaka 2016 Mahakama Kuu ikalitupa. Jedwali lilikuwa na mvuto mmoja nisioweza kuubeza: wepesi.

Ila utapeli huo unaota kwenye shingo zinazouma na maumivu ya mgongo yasiyoonekana kwenye eksirei. Maiti ina kibali cha maziko na cheti cha kifo, na daktari wa mochari ameiona. Kuwatia wafiwa kapu moja na wale matapeli ni kuwaonea. Tena mfiwa ndiye mwenye safari ndefu: abstrakti ya polisi (muhtasari wa taarifa ya ajali), barua ya mahakama ya kumruhusu kusimamia madai ya marehemu, kisha kesi ifunguliwe kabla ya miaka mitatu kwisha. Wengi hukwama kwenye hiyo barua.

Na wanaokufa ni akina nani? Tarehe 30 Juni 2023 lori moja liliua watu 52 katika makutano ya Londiani, kaunti ya Kericho, wengi wao wachuuzi na wasafiri waliokuwa kando ya barabara. Mchuuzi hana stakabadhi ya mshahara. Mahakama ikikosa ushahidi wa mapato hushika kima cha chini cha mshahara, hata kama mama huyo kwa nyanya zake alikuwa amesomesha watoto hadi chuo kikuu.

Bado kuna wasiotajwa kabisa. Sheria ya fidia ya vifo vya ajali inamtambua mume, mke, mzazi na mtoto. Kifungua mimba aliyekuwa akiwalipia wadogo zake karo akigongwa, wadogo hao hawamo. Wazazi wakiwa walishatangulia, naye hakuoa, kinachoweza kubaki ni gharama za mazishi, ile laki moja, na zile elfu kumi.