Televisheni ya Indonesia haijazikwa

Kuna mwandishi mmoja anayesema intaneti imeizika televisheni ya Indonesia, eti watu wameachana na sinetron, zile tamthilia za kila siku, wakahamia kwenye simu. Kuhamia wamehamia, lakini huko kwenye simu wanamkuta nani? Vidio, huduma ya kutazama vipindi mtandaoni, iko chini ya kampuni ya Emtek, hao hao wenye stesheni za SCTV na Indosiar. RCTI+, huduma nyingine kama hiyo, nayo ni ya kampuni ya MNC, wenye RCTI, stesheni binafsi ya kwanza nchini humo tangu 1989. Mfuko ni ule ule. Atta Halilintar alipata jina YouTube, lakini alipofunga ndoa Aprili 2021 harusi ilirushwa mubashara RCTI, tena Jokowi, rais wa wakati huo, akiwa miongoni mwa wageni, na watu wakalalamika kwamba masafa ya umma yanatumika kwa sherehe ya mtu. Zile hadithi za Indosiar za mke anayesalitiwa, kamera inamsogelea usoni, muziki unapanda, machozi yanamtiririka huku anatembea barabarani peke yake, ndizo vijana wanazozikatakata na kuzifanyia utani TikTok. Sasa hiyo ni kuzikwa? Mimi kinachonichosha ni kurefusha tu. Sinetron ya Tukang Bubur Naik Haji ilianza 2012 ikaisha 2017, vipande zaidi ya 2,000, maana watazamaji wakishakuwa wengi hakuna anayethubutu kuifunga hadithi. Nyie mnaozifuatilia, kuna hata moja iliyopendwa sana na bado ikajua kuisha mapema?