Jini Tunaliona, Maneno Hatuyasikii

Katika filamu fupi za kutisha zinazorekodiwa kwa simu hapa Dodoma, sina ugomvi na jini lililovishwa magunia na kupakwa unga usoni, kwa kuwa uhaba wa fedha si dhambi, na mibuyu na majabali yetu vinatisha bila gharama yoyote. Kinachonikera katika filamu hizi ni sauti. Upepo wetu wa kiangazi unavuma moja kwa moja kwenye maiki ya simu iliyo mbali na mwigizaji, mnong'ono wote unamezwa, nami naongeza sauti ili nisikie. Hapo ndipo ukelele unapopasuka na kuwaamsha majirani. Kuficha simu ya pili kwenye mfuko wa shati la mwigizaji ili irekodi maneno yake kungegharimu nini? Badala yake watengenezaji wanaongeza kinanda, tena juu ya mazungumzo.